Pleya ya santuri za 45 na 78, na kuziingiza kwenye kompyuta: ninunue ipi, niifungeje?

UpandeB

Wakuu salaam. Nina santuri 140 hivi za inchi 7 (za 45, yaani mizunguko 45 kwa dakika), nyingi za Nairobi za miaka ya 1970, muziki wa dansi na benga, pamoja na 11 za 78 (mizunguko 78 kwa dakika) za taarab, zile nzito zinazovunjika kama kigae. Nataka kuzisikiliza, ila hasa nataka kuziingiza kwenye kompyuta mara moja, vizuri, nisije nikarudia kazi mwakani. Niko Dar. Bajeti haivuki milioni moja na nusu, kila kitu ndani.

Nimeona vile visanduku vya mfano wa begi vyenye spika humohumo, halafu Audio-Technica AT-LP60X, halafu AT-LP120XUSB. Kuna na jamaa anauza pleya ya mkanda ya mtumba kutoka Marekani, kibandiko cha nyuma kinasema 120V 60Hz. Anasema "weka transfoma tu, imeisha hiyo". Kweli imeisha? Na kompyuta yangu ina tundu moja tu la hedifoni, je nahitaji kadi ya sauti ya nje au USB ya pleya inatosha?

---

FundiRedio

Mkuu, nianze na ya mtumba maana ndiyo itakayokula hela yako kimyakimya. Haijaisha. Transfoma inashusha volti, haigusi masafa. Umeme wetu ni 230V, 50Hz. Pleya nyingi za zamani za mkanda zina mota ya AC inayokwenda kwa kufuata masafa ya umeme. Iliyotengenezwa kwa 60Hz ukiilisha 50Hz inazunguka tano ya sita ya mwendo wake: 45 inakuwa 37.5, na 33⅓ inashuka hadi 27.8. Sauti inaporomoka zaidi ya nusutoni tatu, mwimbaji wa kike anageuka mzee wa kanisa. Dawa ni puli ya mota (kile kigurudumu kinachovuta mkanda) iliyo nene zaidi kwa asilimia 20, na kuipata puli ya pleya ya miaka 40 iliyopita si kazi ya wiki moja.

Kama mota ni ya DC, masafa hayana neno na transfoma inatosha kweli. Mwambie akuondolee sahani, ile duara inayobeba santuri, uone. Mota ya DC kwa kawaida ina tundu dogo au kitufe cha kurekebisha mwendo. Mota ya AC haina, mwendo wake unatoka kwenye unene wa puli tu. Technics SL-1200MK2 kutoka Japani, kwa mfano, ni ya 100V lakini mwendo wake unaongozwa na kwatzi (fuwele inayoshika mwendo usibadilike), kwa hiyo transfoma ya 230 kwenda 100 inamaliza mambo. Ubaya wake kwako ni kwamba MK2 ina 33 na 45 tu, haina 78.

Visanduku vya begi achana navyo. Katriji zake, yaani kile kikopo kinachoshika sindano, ni za seramiki, zinakandamiza mfereji wa santuri kwa gramu 5 au zaidi, na hakuna pa kurekebisha chochote. Kwa 45 ambayo huwezi kuinunua tena, huo ni msasa.

AT-LP60X ni pleya ya heshima kwa anayetaka kubonyeza na kusikiliza. Lakini haina 78, katriji haitoki (unabadili sindano tu), na uzito wa mkono unaobeba sindano umefungwa kiwandani. Kwa kazi yako inabaki AT-LP120XUSB: 33, 45 na 78, sahani inazungushwa na mota moja kwa moja bila mkanda, mkono una uzito wa kurekebisha, kichwa cha mkono kinachomoka, na katriji yake ni AT-VM95E. Hiyo VM95 ndiyo sababu kubwa ya kuichagua. Mwili wa katriji unabaki palepale, unachomoa sindano kwa vidole na kuweka nyingine. Ya 78 inaitwa VMN95SP. Nunua siku hiyohiyo unayonunua pleya, usiahirishe.

---

Kibao45

Niongeze hapo kwa sindano, na hapa mimi na Fundi tutatofautiana kidogo.

Mfereji wa 78 ni mpana karibu mara tatu au nne ya ule wa 45. Sindano ya 78 ina ncha ya milsi 3, yaani mikroni 76 hivi. Ya kawaida ya ncha mviringo ni milsi 0.6, mikroni 15. Ukicheza 78 kwa sindano ya 45, ncha inazama hadi chini ya mfereji na kusaga vumbi la miaka 70, muziki unausikia kwa mbali kama uko chumba cha pili. Hilo halina mjadala.

Mjadala ni kwenye 45 zenyewe. VM95E inakuja na sindano ya duaradufu, 0.3 kwa 0.7. Kwa santuri safi ni bora, inafuata mawimbi madogo vizuri. Lakini 45 nyingi za Nairobi zilipigwa kwenye baa na majumbani kwa sindano zilizochoka, na kuta za mfereji zimelika pale hasa duaradufu inapogusa. Kwa hizo jaribu VMN95C, ncha mviringo, ni ya bei ya chini kuliko zote kwenye familia hiyo. Inakaa sehemu tofauti kidogo ya ukuta, na mara nyingi inaruka uchakavu. Siyo kila mara. Cheza dakika moja ya santuri ileile kwa E kisha kwa C, rekodi zote mbili, chagua kwa masikio. Kwa nyingine utashangaa, kwa nyingine hutaona tofauti.

Anayesema ununue ya bei ghali ya mikrolini, VMN95ML, hajakosea, ni sindano nzuri sana na inadumu. Ila kwa 45 zilizochakaa inachimbua pia kila mkwaruzo kwa uaminifu ule ule. Hela hiyo weka kwenye kusafisha.

Jambo la pili, kaka: angalia kama santuri zako ni mono. Za dansi za wakati huo nyingi ni mono hata kama lebo haisemi kitu. Ni habari njema sana kwa mtu wa kurekodi, mtaalamu wa kompyuta akija atakueleza kwa nini.

---

FundiRedio

Nakubali kuhusu C. Sikuitaja kwa kuwa niliangalia bajeti.

Sasa kuifunga, maana pleya nzuri iliyofungwa vibaya ni mbaya kuliko ya begi.

Meza isiyotikisika kwanza, na spika zisikae juu ya meza hiyohiyo. Chukua pima maji ndogo, iweke juu ya sahani pande mbili, mbele-nyuma na kushoto-kulia, zungusha miguu ya pleya mpaka kipovu kikae katikati. Meza ikilala upande mmoja, mkono nao unavutwa upande huo na sikio moja linapata zaidi.

Uzito wa mkono. Hapa ndipo watu wengi wanapokosea, kwa hiyo nenda taratibu. Vua kifuniko cha sindano, anti-skating (nguvu inayozuia mkono kuvutwa kuelekea katikati) iweke sifuri, mkono ukiwa huru nje ya sahani. Zungusha uzito wa nyuma mpaka mkono uelee sambamba, hauanguki wala haupandi. Sasa shika uzito usizunguke, na zungusha pete ya namba peke yake mpaka sifuri ikae juu kwenye mstari. Baada ya hapo zungusha uzito wenyewe, pete ikifuatana nao, mpaka 2.0. VM95E inataka kati ya gramu 1.8 na 2.2. Kosa la kawaida ni kuzungusha pete mpaka 2 na kuacha uzito palepale. Namba inasoma mbili, sindano ina sifuri, mkono unateleza juu ya santuri kama mtoto kwenye vigae vilivyolowa. Kisha anti-skating nayo iweke 2.

Nunua kamizani kadogo ka dijitali ka sindano kanakosoma hadi 0.01. Pete za namba hukosea. Na kwa sindano ya 78 ndiyo huna ujanja, VMN95SP inataka gramu 4.5 hadi 5.5, lenga 5, pima kwa mizani na usahau pete. Ukirudi kwenye 45, rudisha uzito KABLA ya kuweka santuri. Andika kwenye karatasi, bandika kwenye kifuniko cha pleya: "E = 2, SP = 5".

Kuelekeza katriji: ikitoka kiwandani imekaa vizuri kiasi, lakini pima. Chapisha karatasi ya vipimo kutoka kwenye kompyuta, na kabla ya kuiamini weka rula juu ya mstari wake wa milimita 100. Printa nyingi hupunguza ukubwa zifiti kwenye ukurasa, ukaishia kufunga katriji kwa kipimo cha uongo. Kuna hesabu za aina mbili zinazotumika sana. Ya Baerwald ina nukta mbili ambapo sindano inakaa sawasawa na mfereji, umbali wa milimita 66 na 120.9 kutoka katikati. Ya Stevenson ni 60.3 na 117.4. Santuri ya inchi 7 muziki wake uko kati ya milimita 84 na 54 hivi, kwa hiyo kwa mtu wa 45 nukta ya 60.3 inaangukia karibu na mwisho wa wimbo, pale pale sauti huanza kupasuka. Kwako wewe, Stevenson.

Ukilazimika kuvua katriji, waya nne: mweupe kushoto chanya, buluu kushoto hasi, mwekundu kulia chanya, kijani kulia hasi. Zivute kwa koleo ndogo ukishika kile kipini cha chuma, usivute waya. Skrubu kaza kwa vidole viwili, katriji ni plastiki.

Mwisho: kwa zile zenye tundu kubwa la katikati tumia adapta inayokuja na pleya, na hakikisha haichezi. Adapta ikilegea santuri inakaa pembeni na sauti inayumba.

---

Pwani78

Asalaam aleikum. Wenzangu wameshaifikia sindano kabla santuri haijaoshwa. Sindano mpya kwenye santuri chafu unaharibu vyote viwili.

Ndugu yangu UpandeB, tenganisha marundo mawili na usiyachanganye hata kwa bahati mbaya. Za 45 ni vinaili. Za 78 ni shelaki, na shelaki inayeyushwa na spiriti. Tone la alikoholi juu ya 78 linaacha doa lisilotoka, ukipangusa unafuta muziki. Santuri za taarab za Siti binti Saad zilirekodiwa Bombay kuanzia 1928, na shelaki ya aina hiyo haina mbadala. Kwa hiyo chupa yenye spiriti isikae hata meza moja na 78.

Kwa 45: maji yaliyochemshwa yakawa mvuke (distilidi) mililita 400, spiriti ya isopropili mililita 100, matone mawili ya sabuni ya vyombo isiyo na rangi wala mafuta ya mikono. Hapa Pwani maji hayo hupatikana kwenye maduka ya betri za magari, wanaita maji ya betri. SOMA CHUPA. Duka hilohilo linauza asidi ya betri, nayo wengine wanaiita maji ya betri. Maji ya bomba usitumie kwa suuza ya mwisho, chumvi ikikauka ndani ya mfereji inalia kama kaanga.

Funika lebo kwa kifuniko cha plastiki au mkono mkavu, pakaa kwa brashi laini kwa kufuata mzunguko wa mfereji, siyo kukatisha. Acha dakika moja, suuza kwa maji matupu ya distilidi, sabuni ikibaki inageuka gundi kwenye sindano. Pangusa kwa kitambaa cha maikrofaiba, simamisha kwenye kikaushio cha sahani za jikoni. Kivulini. Juani inajipinda kabla chai haijapoa.

Kwa 78: maji ya distilidi na tone moja la sabuni, basi. Kitambaa kilicholoweshwa na kukamuliwa, pitisha, suuza haraka, kausha hapohapo. Usiloweke. Shelaki imechanganywa na unga wa mawe na vitu vingine vinavyokunywa maji, na baadhi zina karatasi katikati, zikinywa maji zinavimba na kuchanika kwenye ukingo.

Ukungu, ugonjwa wetu wa mwambao: ukiona madoa meupe kama unga usipanguse kikavu, unausambaza na kuuvuta puani. Nje ya nyumba, barakoa, kitambaa chenye maji kwanza. Na majalada yaliyoota ukungu tupa mfuko wa ndani, weka mpya, la sivyo mwezi ujao umerudi.

---

Mawimbi48

Nimefika. Sehemu ya kompyuta.

Hilo tundu moja la kompyuta yako sahau. Ni la hedifoni na maikrofoni, upande wa kuingizia ni wa mono na una nguvu za maikrofoni. Sauti ya pleya ikiingia hapo inapasuka na chaneli moja inapotea.

USB ya LP120X inatoa biti 16, 44.1 au 48kHz. Watu watakucheka ukisema inatosha. Inatosha. Kelele za mfereji wa 45 ya mwaka 1974 ziko juu sana kuliko kelele za biti 16. Kadi ya nje inakupa kitu kingine: kitufe cha kupandisha na kushusha nguvu ya kuingia, na biti 24 ili usiwe na hofu ya kurekodi chini. Ikibaki hela, Behringer UFO202 ni ndogo, nayo ni ya biti 16 na haina kitufe hicho, lakini ina priampu ya santuri ndani (kikuza sauti cha kwanza) na sehemu ya kufungia waya wa ethi. Ila isile hela ya sindano ya 78. Kwa mpangilio wa bajeti yako: pleya, VMN95SP, mizani, vifaa vya kuoshea, VMN95C, kisha kadi.

Nyuma ya LP120X kuna swichi ya PHONO (sauti ghafi ya sindano) na LINE (iliyokwishakuzwa). Ukipeleka kwenye amplifaya, kumbuka hivi: sauti ndogo, nyembamba, haina besi, maana yake umeweka PHONO ukachomeka kwenye tundu la kawaida. Sauti kubwa, nzito, inapasuka, maana yake umeweka LINE ukachomeka kwenye tundu la phono, imekuzwa mara mbili. Hakuna fundi wa kuita hapo.

Kwenye Windows, pleya ya USB hujitambulisha kama maikrofoni. Ingia kwenye mipangilio ya sauti, upande wa kurekodi, hakikisha imewekwa chaneli 2 na siyo 1, zima maboresho yote, shusha nguvu ikiwa imejazwa. Nusu ya malalamiko ya "USB yake mbovu" yanatoka hapo.

Programu: Audacity, bure. Mwendo kwanza. Washa kufuli la kwatzi kwenye pleya, kitelezi cha mwendo kisiguswe. Asilimia moja ya kosa ni kama moja ya sita ya nusutoni, mtu mwenye gitaa atajua. Cheza sehemu yenye kelele kubwa ya wimbo, angalia mita, kilele kisivuke −6 desibeli. Kisha rekodi kuanzia sindano inaposhuka mpaka inapoinuliwa, upande A faili lake, upande B lake. Hifadhi kama FLAC, aina ya faili inayobana bila kupoteza sauti. Kwa biti 24 na 48kHz, dakika moja ya stirio bila kubanwa ni megabaiti 17 hivi. Santuri 140, pande mbili, dakika 4 kila upande, ni kama gigabaiti 19, na FLAC hupunguza karibu nusu. Diski ndogo inabeba. Fanya nakala mbili sehemu mbili.

Jina la faili: namba ya santuri kwenye lebo, upande, na zile herufi zilizokwaruzwa kwenye eneo tupu karibu na lebo. Piga picha lebo zote mbili. Lebo hukosea, hubandikwa upande usio wake, yale maandishi ya kukwaruza hayabadiliki.

Faili hilo ghafi usiliguse tena. Kazi yote fanya kwenye nakala, na kwa mpangilio huu. Kwanza ondoa tiki-tiki za mikwaruzo ikiwa bado stirio, kwa kuwa mkwaruzo mara nyingi uko ukuta mmoja tu wa mfereji na programu huuona kirahisi zaidi kabla hujachanganya. Kiondoa tiki cha Audacity kianzie na namba zake za kawaida, ukiona ngoma zinapoteza makali umezidisha. Pili, kama santuri ni mono, tenganisha chaneli mbili usikilize moja moja. Zikilingana, zichanganye ziwe mono: mngurumo wa mota na mitikisiko ya juu-chini inafutana, muziki unabaki. Ikiwa ukuta mmoja umelika, chukua ule mzima peke yake, usichanganye mbovu na nzuri kwa ajili ya haki. Tatu, kata kila kitu chini ya 30Hz. Kupandisha sauti ndiyo ya mwisho kabisa.

Kwenye mono kuna mtihani mtamu. Chukua nakala, linganisha nguvu za chaneli mbili, geuza moja juu-chini, halafu zichanganye. Muziki unapaswa kukaribia kupotea, ukabaki mchakacho tu. Ukisikia muziki bado umesimama, hasa sauti za juu, kichwa cha mkono kimelala upande. Weka kioo kidogo juu ya sahani, shusha sindano taratibu, tazama kwa mbele: katriji na picha yake viwe mstari mmoja ulionyooka.

Sauti ikiyumba, hesabu. Mzunguko wa 45 ni mara 0.75 kwa sekunde, kwa hiyo myumbo unaorudi kila sekunde 1.3 ni tundu la santuri lisilo katikati. Tazama mkono, utauona unakwenda na kurudi. Kama tundu limepanuka, isukume santuri kidogo kidogo kwa kidole mpaka mkono utulie.

78 zinataka jambo moja zaidi. Priampu inarekebisha sauti kwa kanuni ya RIAA, ambayo ni ya baada ya 1954. Santuri nyingi za kampuni ya HMV za miaka ya 1930 zilikatwa kwa kanuni nyingine: besi imepunguzwa chini ya 250Hz, sauti za juu hazikuongezwa. Ukizicheza kwa RIAA, 10kHz inashushwa desibeli 13.7 bila sababu na besi inazidi kama desibeli 6. Ndiyo maana watu wanadhani 78 zote zina sauti ya ndani ya mtungi. Kwenye Audacity chora mkunjo: shusha 6 chini ya 250Hz ukirudi sifuri kufikia 500Hz na kidogo juu yake, kisha kuanzia 2kHz panda polepole. Usiipandishe hadi hiyo 13.7 yote, juu ya 6kHz kwenye shelaki iliyochoka kuna mchakacho mtupu. Acha masikio yaamue wapi pa kuishia.

---

UpandeB

Wakuu Mungu awabariki. LP120X imefika, VMN95SP pia, mizani ninayo. Matatizo mawili. Kuna mvumo mzito "mmmm" kwenye spika hata sindano ikiwa juu, lakini nikichomoa chaja ya kompyuta unapungua sana. Na nyimbo nyingi zimegawanywa, sehemu ya 1 upande A, sehemu ya 2 upande B. Nikiziunganisha maungio yanasikika vibaya.

---

FundiRedio

Mvumo wa chaja ni mzunguko wa ethi, kompyuta na amplifaya zinapitia ethi mbili tofauti. Rekodi kwa betri ya kompyuta, ukimaliza chomeka chaja. Mvumo uliobaki: waya mwembamba wa ethi wa pleya umefungwa kwenye skrubu ya amplifaya? Na sogeza transfoma au adapta yoyote mbali na mkono wa pleya, angalau nusu mita. Umeme ukikatika ukawa kwenye inveta, usirekodi kwa zile za bei ya chini zisizotoa wimbi safi, zinaingiza mvumo usiotoka.

---

Mawimbi48

Kuunganisha: usiguse yale mafaili ghafi, unganisha nakala ya kusikiliza tu. Mara nyingi upande A unafifia na B unaanza kwa kuinuka, na baa chache zinarudiwa. Tafuta baa inayofanana pande zote mbili, kata hapo kwenye pigo la ngoma, si katikati ya neno la mwimbaji, kisha zipishanishe kwa milisekunde 30 hivi.

Kinachokukera zaidi, nadhani, si mkato. Mwisho wa upande A sindano iko ndani karibu na lebo, mfereji unapita polepole, sauti za juu zimefifia. Mwanzo wa B iko nje, kila kitu kinang'aa. Masikio yanasikia kama pazia limefunguliwa ghafla. Ongeza sauti za juu, desibeli 2 au 3 kuanzia 6kHz, kwenye sekunde 40 za mwisho za A, zikiingia taratibu. Halafu sikiliza tena maungio kwa hedifoni.

---

UpandeB

Chaja ndiyo ilikuwa. Waya wa ethi nao ulikuwa umelegea, nimeukaza. Naanza na 45 za juu kwenye rundo, zile zilizokwaruzika kidogo, nijifunzie hapo. 78 zitasubiri mpaka mkono uzoee.

---

Pwani78

Vizuri. Na zile 11 zisimamishe wima kwenye rafu, usizilaze moja juu ya nyingine.